Sauti ya Jack Hawkins ilikwenda wapi?

*"Mtaalamu, shikamoo. Kila Jumapili naangalia filamu za zamani za Kiingereza na baba mkubwa. Mwigizaji anayempenda ni Jack Hawkins, yule nahodha wa The Cruel Sea, na sasa tumeishia kubishana. Kwenye Lawrence of Arabia nasikia kana kwamba Jenerali Allenby, anayechezwa na Hawkins, ana sauti mbili, na kwenye filamu za miaka ya 1970 nasikia sauti nyingine kabisa. Baba mkubwa anasema ni ugonjwa wa koo, ulimwanza wakati ule ule wa Lawrence. Nimesoma pia kwamba alifia kwenye meza ya upasuaji akiwekewa koo la bandia. Ukweli ni upi? Na mtu asiye na sauti anaigizaje miaka saba? Nina sababu nyingine ya kuuliza. Baba mkubwa anavuta pakiti moja kwa siku tangu ujana wake, na sauti yake imekauka tangu kabla ya Idi, sasa unaingia mwezi wa pili. Mwenyewe anasema ni vumbi na baridi."*

Marahaba. Nitaanza na ulichokiweka mwishoni, kwa kuwa hicho hakisubiri Jumapili nyingine. Mtu anayevuta sigara, aliyepwelewa na sauti kwa zaidi ya wiki tatu bila kupata nafuu, anatakiwa kuonwa na daktari wa masikio, pua na koo. Mpeleke wiki hii. Sikuambii kwamba ana saratani. Sauti hukauka kwa mafua, kwa kupiga kelele, kwa tindikali ya tumbo inayopanda kooni usiku, kwa vinundu visivyo na madhara, na kwa moshi wenyewe. Shida ni kwamba yote hayo yanasikika sawasawa. Hakuna sikio, hata langu, linaloweza kutenganisha kinundu na saratani kwa kusikiliza tu. Lazima mtu aingize kamera na kutazama. Nitarudi huko.

Sasa Allenby. Masikio yako yako sawa, ila sababu aliyoitoa baba mkubwa siyo. Ndani ya filamu hiyo kweli kuna watu wawili wanaosema kwa kinywa cha Jenerali Allenby, lakini wa pili aliingizwa zaidi ya miaka 25 baada ya kamera kuzimwa. Lawrence of Arabia ilioneshwa London mara ya kwanza Desemba 1962 ikiwa na zaidi ya saa tatu na nusu. Muda mfupi baadaye ikapunguzwa, na baadaye ikapunguzwa tena. Robert Harris na wenzake walipoirudisha katika urefu wake, kazi iliyokamilika 1989, walikuta vipande vya picha vilivyokatwa lakini sauti zake zimepotea. Waigizaji waliokuwa hai, akiwemo Peter O'Toole na Alec Guinness, waliitwa warekodi upya maneno yao ya ujanani. Hawkins alikuwa ameshafariki miaka mingi. Akaitwa Charles Gray kuzungumza badala yake. Kwa hiyo mnapotazama nakala ndefu, sehemu kubwa ya Allenby ni Hawkins mwenyewe, na vile vipande vilivyorudishwa ni Gray. Mkipata nakala fupi ya zamani, sauti ya pili hamtaisikia.

Gray hakuokotwa tu. Ndiye aliyekuwa akimsemea Hawkins tangu enzi za ugonjwa wake, akipokezana na Robert Rietty. Huyu Rietty alikuwa fundi wa kuazimisha sauti. Ndiye unayemsikia pia kinywani mwa Adolfo Celi, yule adui katika Thunderball, filamu ya James Bond ya 1965. Gray sura yake unaijua kama umeona Diamonds Are Forever: ndiye Blofeld, adui mwingine wa Bond.

Tarehe za ugonjwa wenyewe ni hizi. Koo lilianza kumsumbua mwishoni mwa miaka ya 1950, na 1959 alitibiwa kwa mionzi ya kobalti. Akarudi kazini, na sauti ikarudi naye ingawa ilikuwa na mikwaruzo. Desemba 1965 iligundulika ana saratani ya koo. Januari 1966 zoloto lake, yaani kiungo cha kooni kinachotoa sauti, likaondolewa lote. Hapo ndipo pa kupigia mstari. Filamu zote alizopiga kabla ya Januari 1966 ni sauti yake: The League of Gentlemen ya 1960, Lawrence, yule mmisionari mlevi katika Zulu ya 1964, Lord Jim ya 1965. Alizopiga baada ya hapo, sauti ni ya kuazima: Shalako ya 1968, Waterloo ya 1970, Nicholas and Alexandra ya 1971, Young Winston ya 1972, Theatre of Blood ya 1973. Baba mkubwa anastahili pointi moja: wakati wa Lawrence, Hawkins alikuwa ameshapigwa mionzi. Sauti tu ndiyo ilikuwa bado haijaondoka.

Ili uelewe alichopoteza, lazima ujue alichokuwa nacho. Alizaliwa Wood Green, kaskazini ya London, 14 Septemba 1910, mtoto wa mjenzi. Wengi hudhani alikuwa afisa wa jeshi aliyegeukia filamu, kwa jinsi anavyokaa ndani ya sare. Mambo yalikuwa kinyume. Alianza jukwaani akiwa mtoto, akisomea shule ya uigizaji ya Italia Conti, na mwaka 1924 alicheza mvulana mtumishi katika maonyesho ya kwanza ya tamthilia ya Saint Joan jijini London, Sybil Thorndike akiwa Joan. Kabla hajatimiza miaka 20 alishacheza Broadway katika Journey's End. Mwaka 1934 John Gielgud alipocheza Hamlet, Horatio alikuwa Hawkins, Ofelia alikuwa Jessica Tandy, mke wake wa wakati huo, na kijana mmoja aliyepewa sehemu ndogo ya Osric aliitwa Alec Guinness. Jeshi lilikuja na vita: alijiunga na Royal Welch Fusiliers, akapelekwa India, akaishia kuwa kanali akisimamia burudani za askari.

Zingatia miaka ile ya jukwaani. Hapakuwa na maikrofoni. Mwigizaji alitakiwa kunong'ona kwa namna ambayo aliyekaa kiti cha bei rahisi, ghorofa ya juu kabisa, angesikia kila herufi. Hilo hufundisha mambo mawili: kugawa pumzi kwa hesabu, na kutamka kwa midomo na ulimi bila uvivu. La kwanza alinyang'anywa 1966. La pili lilimlisha hadi mwisho.

Umaarufu ulimjia akiwa amepita miaka 40, na ulikuja kwa fujo. Mwaka 1952 peke yake ana Angels One Five, Mandy na The Planter's Wife. Mwaka uliofuata ikaja The Cruel Sea, ambamo ni Ericson, nahodha wa meli ndogo ya kusindikiza misafara, Compass Rose. Itazameni tena ile sehemu ambapo mtambo unaonesha nyambizi ya adui iko chini ya mabaharia wanaoelea, wenzake mwenyewe, na yeye inambidi aamue kama atadondosha mabomu. Amri anaitoa kwa sauti ya kazi, kavu, na baadaye tu ndipo machozi yanapomtoka. Sauti ile ndiyo Uingereza nzima ilimjua nayo: sauti ya mtu aliyechoka ambaye bado anategemewa. Kati ya 1957 na 1962 alikuwemo katika filamu tatu zilizoshinda Oscar ya filamu bora: The Bridge on the River Kwai, Ben-Hur na Lawrence. Sidhani kuna wengi wa kizazi chake wenye hesabu kama hiyo. Na katika Mandy, jambo ambalo siku hizi linachoma, yeye ndiye mkuu wa shule ya viziwi, na msichana mdogo anafundishwa kuhisi mtikisiko wa sauti ili aweze kutamka neno. Miaka 14 baadaye mwalimu yule ndiye aliyekuwa akifundishwa kusema upya.

Alivuta hadi pakiti tatu kwa siku, karibu sigara 60.

Sasa mwili wenyewe. Shika kikoromeo, kile kifundo mbele ya shingo, kisha sema "aaa". Mtikisiko unaouhisi unatoka kwenye zoloto. Ndani yake kuna nyuzi mbili za sauti, ambazo kwa mwanaume hazizidi sana sentimita moja na nusu hadi mbili. Ukisema, zinakutana, hewa ya mapafu inazisukuma zifunguke, zinarudi, zinafunguka tena, mara mia na zaidi kwa sekunde. Kinachotoka hapo si maneno, ni mlio tu, kama wa zumari lililotolewa kwenye mdomo wa mpigaji. Maneno hutengenezwa juu: koo hupanuka na kubana, ulimi hupanda na kushuka, midomo hufunga na kufungua. Ndiyo maana uvimbe wa milimita chache kwenye uzi mmoja huharibu sauti mapema, muda mrefu kabla ya maumivu au shida ya kumeza. Nyuzi haziwezi tena kufunga vizuri, hewa inavuja, sauti inakwaruza. Kati ya saratani zote, hii ni mojawapo ya zinazobisha hodi mapema. Wanaopata shida ni wale wanaosikia hodi wakasema ni vumbi.

Zoloto likiondolewa lote, daktari hawezi kuacha bomba la hewa likiwa wazi ndani ya koo, kwa sababu zoloto ndilo lililokuwa likizuia chakula kisiingie mapafuni. Kwa hiyo bomba linavutwa mbele na kushonwa kwenye ngozi, chini ya shingo, juu kidogo ya mfupa wa kifua. Tangu siku hiyo mtu anapumulia tundu hilo maisha yake yote. Njia ya chakula na njia ya hewa hazikutani tena. Pua haipitishi hewa, kwa hiyo harufu hupungua sana. Hawezi kuogelea. Akioga lazima azuie maji yasiingie tunduni. Akizimia, anayemsaidia kupumua lazima apulizie shingoni. Hata kunong'ona hakupo, kwani mnong'ono nao unahitaji pumzi ya mapafu ipite mdomoni. Kinachobaki bila kuguswa ni midomo, ulimi, meno, taya na uso.

Hilo ndilo jibu la swali lako la miaka saba. Hawkins alipoteza mlio; utamkaji ulibaki. Mbele ya kamera alitamka maneno yake yote kwa midomo iliyofundishwa enzi za Gielgud, kwa kasi na mkazo uleule ambao angetumia kama sauti ingekuwepo. Kamera ilipata kila ilichohitaji. Sauti ililetwa baadaye.

Namna ya kuileta ilikuwa kazi ya mikono. Usiichanganye na filamu za kutafsiriwa tunazozijua kwenye vibanda umiza, ambapo DJ anasimulia juu ya sauti ya filamu na hakuna anayejali midomo inasema nini. Hapa midomo ndiyo hakimu. Picha ilikatwa vipande vifupi, sentensi moja au mbili. Filamu ya milimita 35 hukimbia picha 24 kwa sekunde, kwa hiyo sentensi ya sekunde 5 ni picha 120, kama mita 2 na robo za mkanda. Kipande hicho kiliungwa kichwa na mkia kikawa duara, kikaoneshwa ukutani kikizunguka bila kukoma. Mstari ulichorwa kwa penseli ya nta juu ya mkanda ili uonekane ukikata skrini. Ulipofika ukingoni, msemaji alianza. Alirudia mara tano, mara kumi, mara thelathini, hadi herufi zikae mahali pake. Picha mbili tu za kuchelewa, sehemu moja ya 12 ya sekunde, na mtazamaji anahisi kuna kasoro hata kama hawezi kuitaja.

Herufi zinazosumbua ni zile zinazoonekana: m, b na p, ambazo midomo hufunga kabisa, na f na v, ambazo meno hugusa mdomo wa chini. Msemaji akizipata hizo, za nyuma ya ulimi kama k na g zinasameheka. Kwa Hawkins palikuwa na ugumu wa pekee. Mtu mwenye zoloto huvuta pumzi kabla ya sentensi, na mabega yake huinuka kidogo. Aliyeondolewa zoloto anapumua shingoni, na pumzi yake haiongozwi na maneno. Gray au Rietty walilazimika kuweka pumzi zao pale ambapo mwili kwenye picha ulizikubali, si pale ambapo sentensi ilizitaka. Hapo, kwa maoni yangu, ndipo kazi yao inapovuja. Sauti ya Gray ni nzuri, ni mwororo na yenye majivuno kidogo, lakini inatoka kwa mtu mwenye mapafu yaliyojaa. Uso wa Hawkins kwenye filamu hizo za mwisho hauna raha ya namna hiyo.

Mkitaka kusikia wenyewe, fanyeni hivi Jumapili ijayo. Chukueni dakika tano za The Cruel Sea na dakika tano za filamu yoyote ya baada ya 1966. Kwanza zimeni sauti, mtazame midomo tu: mtaona mtu yuleyule, utamkaji uleule, taya ileile. Kisha vaa spika za masikioni, fumba macho, sikiliza. Katika filamu iliyoingizwa sauti, sikiliza chumba. Mtu akisogea mbali na kamera sauti inapaswa kusogea naye, ichukue mwangwi wa ukuta au upepo wa nje. Iliyorekodiwa studio mara nyingi inabaki karibu, safi mno, kama mtu anayesema sikioni wakati picha iko ng'ambo ya uwanja. Halafu angalia shingo. Tundu lazima lifichwe, na kola ndefu, skafu au sare ya kijeshi ya karne ya 19 hufanya kazi hiyo bila mtu kuuliza. Angalia pia ni nafasi gani alizopewa: jenerali, mchungaji, mkuu wa shule, waziri wa mfalme. Watu wa maneno machache yenye uzito. Na wakati huohuo aligeukia upande wa pili wa kamera. The Ruling Class ya 1972, ya Peter O'Toole, ina jina lake kama mmoja wa watayarishaji.

Nje ya kamera alikuwa na njia mbili za kuongea, na zote zipo hadi leo. Ya kwanza ni sauti ya umio: mtu anameza hewa kidogo kwenye njia ya chakula na kuirudisha juu, kama kupiga mbweu kwa makusudi, na sehemu ya juu ya umio inatikisika badala ya nyuzi za sauti. Haina gharama na haihitaji mikono. Lakini hesabu yake ni ngumu. Mapafu ya mwanaume mzima humpa lita kadhaa za hewa ya kuongelea; umio hubeba kama mililita 80. Hizo ni silabi chache, kisha unameza tena. Sauti ni nzito, ya kwaruzo, na wengi hufanya mazoezi miezi mingi, baadhi wasiipate kabisa. Ya pili ni kifaa cha betri, ukubwa wa tochi ndogo, kinachogandamizwa shingoni na kutoa mlio unaoingia kooni. Mdomo unautengeneza kuwa maneno. Unaweza kukitumia mapema sana baada ya upasuaji, na unaeleweka, ila unasikika kama roboti, mkono mmoja umeshikwa, na betri ikiisha umenyamaza.

Njia ya tatu, ambayo leo inapendelewa sana pale inapopatikana, Hawkins hakuiwahi. Ni kutoboa tundu dogo kati ya bomba la hewa na umio na kuweka vali ya silikoni inayopitisha hewa upande mmoja. Mgonjwa anaziba tundu la shingo kwa kidole, pumzi ya mapafu inapita kwenye vali, umio unatikisika, na sentensi nzima inatoka kwa pumzi moja. Daktari Singer na mtaalamu wa usemi Blom, wote wa Marekani, waliitangaza mwanzoni mwa miaka ya 1980. Nayo ina mzigo wake: fangasi huota juu ya vali, inaanza kuvujisha chai mapafuni, na lazima ibadilishwe kila baada ya miezi kadhaa. Kwetu, kabla ya kuichagua, uliza wazi: vali ya pili itatoka wapi, kwa bei gani, na nani ataiweka? Vali nzuri isiyo na ya kubadilishia ni shida kuliko kifaa cha betri.

Hawkins aliishi kabla ya hapo. Mwaka 1973 alikubali upasuaji wa majaribio ili apate sauti ya bandia. Hakufia mezani kama ulivyosoma. Alitoka kwenye upasuaji, kisha akaanza kuvuja damu, akalazwa, na akafariki London 18 Julai 1973, akiwa na miaka 62. Kwa nini upasuaji wa shingo ya namna hiyo ni wa hatari? Mionzi huua saratani, lakini pia huziba mishipa midogo inayolisha ngozi na misuli, na athari hiyo hubaki miaka mingi. Kidonda kwenye shingo iliyopigwa mionzi na kukatwa kabla hupona polepole, au hakifungi. Mate yakivuja ndani ya kidonda, yanakaa jirani na mishipa mikubwa ya damu iendayo kichwani, na kuta za mishipa hiyo zinaweza kuliwa. Madaktari wa leo huipima hatari hiyo kabla ya kugusa shingo ya aina hiyo, na wakati mwingine jibu la uaminifu ni "tuache". Je, alikosea kujaribu? Mtu aliyeishi kwa sauti yake miaka 42, kisha saba bila hiyo, alikuwa na haki ya kupima mwenyewe. Ninachoweza kusema ni kwamba alichokuwa nacho tayari kilikuwa kinamfanyisha kazi, na filamu zake za mwisho zilitoka mwaka huohuo.

Turudi kwa baba mkubwa. Anzeni zahanati au kituo cha afya mnachotumia, muombe rufaa ya daktari wa masikio, pua na koo; msikubali kuondoka na dawa ya kikohozi na ahadi ya "tuone mwezi ujao". Muhimbili na Kenyatta wana idara hizo, na baadhi ya hospitali za rufaa za mikoa pia zinazo. Daktari atapitisha kamera nyembamba puani hadi kooni. Inachukua dakika chache, anakuwa macho, inawasha kuliko inavyouma. Wakiona kitu wasichokipenda, watamlaza nusu kaputi na kuchukua kinyama cha kupimwa maabara. Majibu ya maabara ndiyo yanayoamua, si picha. Na ikiwa ni saratani iliyokamatwa ikiwa bado kwenye uzi wa sauti tu, mionzi au upasuaji mdogo humponya mgonjwa mara nyingi, na zoloto linabaki mahali pake. Hiyo ni tofauti kubwa na alikofika Hawkins 1966.

Msisubiri miadi, nendeni dharura siku hiyohiyo, akianza kutoa mlio wa filimbi anapovuta pumzi, akitema damu, akishindwa kumeza mate, au kikitokea kivimbe shingoni kinachokua. Sikio moja likimuuma na hakuna ugonjwa sikioni, mwambieni daktari. Koo na sikio hutumia mishipa ya fahamu ya pamoja. Sigara aache leo, si kwa sababu itarudisha sauti kesho, bali kwa sababu matibabu ya mionzi hufanya kazi vibaya kwa anayeendelea kuvuta.

Usimtishe kwa Hawkins, atakataa kwenda. Mwambie tu kwamba unataka kuisikia sauti yake vizuri. Kisha chukua simu, mrekodi dakika moja akisoma ukurasa wowote wa gazeti, andika tarehe, na juma moja baadaye mrekodi ukurasa uleule. Tafuta pia rekodi yoyote ya mwaka jana, hata ujumbe wa sauti wa kuomba hela ya umeme. Ukifika kwa daktari mchezeshee zote tatu, na umtajie sauti ilianza kubadilika lini, pakiti ngapi kwa siku na kwa miaka mingapi.